Chama cha siri cha wachawi wa vivuli: nguvu zao ziishie wapi?

Rasimu_ya_Tatu (mwanzisha mada)

Wakuu salaam. Ninaandika riwaya ya fantasia. Mji wa bandari wa kubuni, latitudo ile ile ya Unguja, nyumba za mawe za ghorofa, majahazi, kaskazi na kusi. Hakuna umeme, hakuna bunduki. Ndani ya mji kuna chama cha siri cha wachawi wanaotumia vivuli: wanajificha kivulini, wanaingia kivuli hiki na kutokea kingine, na wakubwa wao wanaweza kumgandisha mtu asitembee kwa kukikanyaga kivuli chake.

Nimekwama kwenye mambo matatu. La kwanza, hawazuiliki. Usiku ni wao, na mchana vivuli vimejaa kila kona. Nimeweka kwamba wanachoka wakitumia nguvu, lakini uchovu hauna kipimo, kwa hiyo wanachoka pale tu ninapotaka mimi, na msomaji analiona hilo. La pili, sijui chama kiwe na watu wangapi na kipangwe vipi hata kikae miaka mia mbili bila kuvuja. La tatu ni kiapo na ngazi. Mafuvu, damu na majoho meusi sitaki, yamechosha.

Naomba vipimo na taratibu. "Tumia ubunifu wako" ninayo tayari.

Fundi_wa_Majira

Mkuu, kasoro iko pale uliposema usiku ni wao. Giza totoro halina kivuli hata kimoja. Kivuli ni mahali mwanga ulipozuiwa huku pembeni mwanga ukiendelea kuwepo. Ukizima taa zote umezima na vivuli vyote. Shika kanuni hiyo na usiilegeze hata sura moja. Mchawi wako atapata maadui wawili, jua la utosini na giza kamili, na itambidi aishi katikati yao. Ukitaka kumfunga gerezani, usimtafutie chumba chenye mwanga mwingi, mtupe kwenye shimo lisilo na tundu.

Sasa jua. Kwa latitudo ya Unguja, jua hupita utosini kabisa mara mbili kwa mwaka: kwenye tarehe 4 au 5 Machi, na kwenye tarehe 9 Oktoba. Adhuhuri ya siku hizo mlingoti uliosimama wima hauna kivuli. Kwa saa za ukutani haitokei saa sita kamili: Oktoba ni kama saa sita na dakika 10, Machi kama saa sita na dakika 35. Mji wako hauna saa za ukutani, kwa hiyo kwako ni adhuhuri tu, lakini chama lazima kiijue siku hiyo miezi kabla. Ukihamisha mji kwenda latitudo ya Mombasa, tarehe zinakuwa 10 Machi na 3 Oktoba hivi. Latitudo ya Lamu ni katikati ya Machi na mwisho wa Septemba.

Kati ya Machi na Oktoba jua la adhuhuri liko kaskazini, kivuli kinaangukia kusini. Kati ya Oktoba na Machi ni kinyume chake. Kwa maneno mengine, wakati wa kusi kivuli cha adhuhuri kinaelekea kusini, na wakati wa kaskazi kinaelekea kaskazini: kila msimu kinaelekea upepo unakotoka. Hiyo umepewa bure na dunia yenyewe, usiiache. Manahodha na wachawi wanaweza kutumia kalenda moja bila kujuana.

Kuhusu uchovu, upime kwa nyayo. Kimo cha mtu ni takriban nyayo zake sita na nusu. Siku za karibu na Machi au Oktoba jua hupanda digrii 15 kwa saa, na kwa kuwa sisi tunahesabu saa kutoka macheo, zidisha tu saa kwa 15. Saa moja asubuhi jua liko digrii 15, kivuli cha mtu ni kama nyayo 24. Saa mbili ni nyayo 11. Saa tatu kivuli ni sawa na kimo, yaani nyayo sita na nusu. Saa nne ni karibu nyayo nne, saa tano ni chini ya mbili, saa sita hakuna kitu. Mchana ugeuze: saa saba ni kama saa tano, saa tisa ni kama saa tatu.

Kila tendo sasa lipewe bei. Kwa mfano kujificha ni nyayo tatu, kuingia kivuli kimoja na kutokea kingine ni nyayo sita, kumgandisha mtu ni nyayo kumi. Papo hapo unajua, na msomaji anajua, kwamba saa nne mchawi anaweza kujificha lakini hawezi kuhama, na kwamba kumgandisha mtu ni kazi ya kabla ya saa mbili au baada ya saa kumi. Huhitaji tena kuandika "alihisi nguvu zikimwishia".

Utaniuliza kwa nini asingoje machweo, kivuli kikiwa na nyayo mia. Jua si nukta, lina upana wa nusu digrii, kwa hiyo kila kivuli kina kiini cheusi na ukingo hafifu. Kadiri kivuli kinavyoanguka mbali na kitu, ukingo unakula kiini. Kanuni: kiini hufika umbali wa mara 107 ya upana wa kitu, kisha kinakwisha. Kidole cha sentimita moja na nusu hupoteza kiini baada ya mita 1.6. Kichwa cha sentimita 15 hupoteza kiini baada ya mita 16. Jua likiwa digrii 6 juu ya upeo, kutoka kichwani hadi kilipoanguka kivuli cha kichwa ni karibu mita 16. Kwa hiyo dakika 25 za kwanza baada ya macheo na 25 za mwisho kabla ya machweo, kivuli ni kirefu mno lakini hakina kichwa. Sema uchawi unahitaji kiini, na umepata dari bila kubuni chochote.

Bint_Karani

Nakubaliana na Fundi, ila kuna tundu hajaliziba: kivuli ni cha nani? Mji wa mawe una vichochoro vya mita tatu na kuta za mita kumi na mbili. Kama kivuli cha ukuta kinatumika sawa na kivuli cha mtu, hesabu za nyayo zote zimekufa, maana ukuta una nyayo hamsini asubuhi nzima.

Ushauri wangu: kivuli ni mali ya mwenye kitu. Cha mwili wako ni chako. Cha nyumba ni cha mwenye nyumba, na mchawi hawezi kukigusa bila idhini ya mwenyewe au hati ya umiliki. Hapo chama kinalazimika kununua nyumba. Na hakinunui ovyo, kinanunua kwa hesabu. Kichochoro kinachotoka kaskazini kwenda kusini, chenye vipimo nilivyosema, sakafu yake huona jua kuanzia kama saa tano mpaka karibu saa saba tu. Muda mwingine wote kimefunikwa, asubuhi na ukuta wa mashariki, alasiri na ukuta wa magharibi. Kichochoro cha mashariki–magharibi ni hadithi nyingine: majuma machache yanayozunguka zile siku mbili za jua la utosini hupigwa jua karibu kutwa nzima, kisha kufika Juni kinafunikwa hata adhuhuri. Mpelelezi mwenye akili katika riwaya yako hahitaji kumfuata mtu yeyote usiku. Anakwenda kwa kadhi, anaomba daftari la mauzo ya nyumba, anatafuta nani ananunua kuta za mashariki.

Sasa swali la pili, la muundo. Usikipe chama jina lenye kivuli ndani. Vyama vya kweli hujificha ndani ya kazi ya mikono: Carbonari wa Italia karne ya 19 walijiita wachoma mkaa, na matawi yao waliyaita mauzo. Kwa mji wa mawe kazi iliyo tayari ni upakaji chokaa. Wanaingia kila nyumba, wanapanda juu ya kila ukuta, wanabeba ngazi na kamba mchana kweupe, na hakuna anayewatazama mara mbili. Zaidi ya hapo, ukuta mpya wa chokaa hurudisha zaidi ya robo tatu ya mwanga unaoupiga, na mwanga huo unajaza vivuli vya jirani hadi vinakuwa kijivu. Ukuta uliopigwa na masika mawili ukaota ukungu mweusi haurudishi kitu. Kwa hiyo Wapaka Chokaa ndio wanaoamua mtaa gani una vivuli vizito na mtaa gani hauna, kwa kuchelewesha kazi tu.

Idadi: mji wa watu elfu ishirini unatosheleza wachawi 63. Kila mtu anajua watatu, aliyemwingiza na wawili aliowaingiza yeye. Mmoja juu, kisha 2, 4, 8, 16, 32. FLN, chama cha ukombozi cha Algeria, walipanga hivyo mjini Algiers kwenye miaka ya 1956 na 1957. Akikamatwa mmoja, hata akisema yote, ametaja watatu. Wanaharibika hivi: (a) akifa wa katikati, tawi zima la chini linakatika bila kujua liripoti kwa nani, (b) adui akiwa na subira, akamata wengi mfululizo na kuchora mti mzima kwenye karatasi, jambo ambalo jeshi la Wafaransa lililifanya kule kule Algiers. Dawa ya (a) ni mahali pa kuunganishwa upya ambapo hapamtaji mtu: kwa mfano jiwe fulani kwenye tanuri la chokaa, ukiligeuza upande uliochomwa ukatazama nje, atakuja mtu ndani ya siku nane. Dawa ya (b) hakuna. Waache waogope.

Na usisahau kasi. Mnyororo huu una hatua tano kutoka chini hadi juu. Wakikutana kila siku nne, siku ya gulio, ujumbe unangoja wastani wa siku mbili kila hatua. Siku kumi kupanda, siku kumi kushuka. Chama kinachoongozwa hivi hakiwezi kujibu tukio la leo. Waandishi wengi wanawapa mkuu anayejua kila kitu jioni ile ile, na hapo ndipo ninapofunga kitabu.

Mwisho, watu 63 wakitumikia miaka 25 kila mmoja, wanaondoka wawili au watatu kwa mwaka. Basi wanaoingizwa ni wawili au watatu. Ukiandika sherehe ya kuwaingiza vijana arobaini kwa mkupuo, umeshavunja siri yako mwenyewe.

Rasimu_ya_Tatu

Bint Karani, hilo la daftari la kadhi nimelichukua leo leo. Swali: usiku wakiwa na mwezi inakuwaje? Nina tukio la kuvuka mwamba kwa mashua na kuingia bandarini kimya kimya. Na ndani ya nyumba, mtu wa kawaida ajikinge vipi?

Baharia_Mstaafu

La mwezi nitalijibu mimi. Mwezi mpevu kwa macho una upana karibu sawa na jua, kwa hiyo ile kanuni ya 107 haibadiliki sana. Kinachobadilika ni uzito: mwanga wa mwezi mpevu ni hafifu kuliko wa jua mara laki nne hivi. Na angalia hapa watu wanapokosea: mwezi nusu hautoi nusu ya mwanga wa mwezi mpevu, unatoa kama sehemu moja ya kumi. Siku nne kabla na nne baada ya mwezi mpevu ndizo za kazi, nyingine ni za kulala.

Mwezi huchelewa kuchomoza kwa wastani wa dakika 50 kila siku. Mwezi mpevu huchomoza jua linapozama na kufika juu kabisa usiku wa manane. Siku tatu baada ya hapo unachomoza kwenye saa mbili na nusu usiku, kwa hiyo jioni nzima mpaka muda huo ni giza na wachawi wako hawana chao.

Tukio lako la mashua: maji makubwa ya kupita juu ya mwamba yako wakati wa bamvua, yaani mwezi mpevu au mwezi mwandamo. Mwezi nusu ni maji mafu, chombo kitakwaruza. Upande wetu wa pwani, siku za bamvua maji hujaa takriban saa kumi, alfajiri na jioni, na kupwa takriban saa nne. Basi una nafasi mbili. Bamvua la mwezi mwandamo, saa kumi alfajiri: hakuna mwezi, walinzi hawaoni kitu, lakini wachawi nao ni watu wa kawaida kabisa. Bamvua la mwezi mpevu, saa kumi alfajiri: mwezi umeshaelekea magharibi, uko kama digrii 30 juu ya upeo, kivuli cha mlingoti kinaelekea mashariki na urefu wake ni karibu mara moja na robo tatu ya mlingoti. Wachawi wana nguvu, ila mashua nzima inaonekana. Mimi ningechukua la kwanza na kuwafanya wachawi wahangaike.

Tanga likishushwa kivuli chake kinakwisha. Msisahau hilo mkiwa mmejificha ndani yake.

Jambo jingine, mawingu. Masika, Machi mpaka Mei, kuna siku nyingi za mbingu nzima kufunikwa, mwanga unatoka pande zote na kivuli hakina umbo. Chama chenu kina msimu wa njaa kila mwaka, palepale pepo zinapobadilika na vyombo vya ng'ambo vinajiandaa kuondoka. Mfalme mwenye mshauri mzuri angepanga misako yake mwezi wa nne.

Fundi_wa_Majira

Kuhusu kujikinga ndani ya nyumba: kuna njia tatu, na moja watu huitumia vibaya.

Taa kubwa zaidi si kinga. Taa moja yenye nguvu inatoa kivuli kizito zaidi. Kinga ni idadi. Ukiweka taa mbili zinazolingana, kila taa inamulika kivuli cha mwenzake, kiini kinabaki pale tu vivuli viwili vinapopishana. Taa tatu, juu kidogo ya kichwa, pande tatu za chumba, kiini kinabaki chini ya nyayo basi. Taa za vyumba vya upasuaji hospitalini zimeundwa kwa kanuni hiyo hiyo, mwanga unatoka pembe nyingi ili mkono wa daktari usiweke kivuli kwenye kidonda. Kosa linalofanywa ni kuzipanga taa zote tatu upande mmoja wa chumba. Hapo umepata taa moja pana tu.

Na taa pana ni njia ya pili. Kivuli cha kitu chembamba kuliko mwali hupoteza kiini upesi. Kibatari kina mwali wa sentimita moja: mtu akisimama mita moja kutoka kwenye kibatari na ukuta ukiwa mita mbili nyuma yake, kivuli kitakuwa mara tatu ya mtu na ukingo wake hafifu utakuwa sentimita mbili tu. Kikali sana. Chukua mwanga huo huo, uzungushie kitambaa cheupe kilichotandazwa kwenye fremu ya nusu mita. Sasa chanzo cha mwanga ni kitambaa, na ukingo hafifu unakuwa mita nzima. Kivuli cha mkono hakina kiini tena. Matajiri wa mji wako watakuwa na makandili ya kitambaa, maskini watakuwa na vibatari, na bila kuandika sentensi moja ya mahubiri msomaji ataona nani anaibiwa.

Njia ya tatu ni kuzima kila kitu. Inafanya kazi kikamilifu, ila na wewe huoni.

Mchawi naye ana mbinu: kukata utambi uwe mwembamba, mwali unapungua upana na kivuli kinakuwa kikali. Mtumishi anayekata tambi za taa kila jioni ni jasusi bora kuliko mlinzi wa mlango.

Mzee_wa_Kiapo

Nawasoma tu. Mmejibu vizuri mambo ya mwanga, la kiapo mmeliruka.

Ndugu mwandishi, kiapo peke yake hakitunzi siri. Tazama vyama vilivyodumu. Ekpe ya Calabar (Nigeria ya leo), chama cha chui, ngazi zake zilinunuliwa kwa ada, na chama ndicho kilicholazimisha watu walipe madeni. Mfanyabiashara aliyetaka kulipwa alihitaji Ekpe iwe na nguvu. Aliyemo ndani amezika fedha zake humo, akikisaliti chama anapoteza fedha zake. Basi Wapaka Chokaa wawe na mfuko wa pamoja, ada ya kila ngazi ilipwe kabla, na mtu apate faida yake miaka mingi baadaye. Ngazi za siri zifuate ngazi za kazi ili mtu asihitaji kukumbuka uongo: Mchanganyaji, Mpakaji, Fundi, Mwenye Tanuri. Ekpe walikuwa na alama za nsibidi pia, za kuchora na za ishara za mikono, nyingine zikijulikana na wengi na nyingine na wachache. Fuata mtindo huo: alama za ukutani ambazo kila mpaka chokaa anazijua kama alama za vipimo, na chache ndani yake zenye maana ya pili.

Juu kabisa, weka pengo. Filiki Eteria, chama cha siri cha Wagiriki kilichoanzishwa Odessa mwaka 1814, kiliwaacha wanachama waamini kwamba uongozi wake wa juu usioonekana ni mfalme wa Urusi. Hakuwa yeye. Kilianzishwa na wafanyabiashara watatu. Kwenye ule mti wa watu 63, yule mmoja wa juu anaweza kuwa hayupo, na wale wawili chini yake ndio pekee wanaolijua hilo. Hakuna mtesaji atakayelipata jina lake.

Halafu miiko. Kila uchawi unashindwa siku moja, na chama kisicho na maelezo ya kushindwa hufa siku hiyo. Kinjikitile pale Ngarambe alipotoa maji, habari zilisambaa kwa kunong'onezana, watu wakaita njwiywila, na maji yalikuja pamoja na masharti ya mwenendo. Risasi zilipopenya kwenye Vita vya Maji Maji mwaka 1905, wengine walisema maji ni uongo, wengine walisema aliyekufa amevunja sharti. Hilo la pili ndilo linalokiweka chama hai baada ya maafa. Wape wachawi wako miiko mitatu au minne migumu kuitimiza yote kwa pamoja: usiruke kivuli cha mama yako, usile chakula kilichopikwa baada ya taa kuwashwa, usikope. Akishindwa mmoja, wenzake watatafuta sharti alilovunja, na hawatauliza kama mafundisho yenyewe yana kasoro. Wewe mwandishi ujue jibu la kweli ni nyayo na kiini. Wao wasijue wote.

Kuingizwa: usiku mmoja, chumba kimoja, kibatari kimoja. Mwanafunzi asimame mita moja kutoka kwenye taa akitazama ukuta. Aliyemleta anapita nyuma ya taa, anakata utambi mpaka kivuli kiwe kikali, kisha anamwuliza kivuli hiki ni cha nani. Akijibu "changu", anaambiwa aende nyumbani arudi mwakani. Jibu linalotakiwa ni kuzima taa. Wengi hawalipati, na wasiolipata wanabaki kuwa wapaka chokaa wazuri tu, hawajaona kitu cha kusimulia.

Rasimu_ya_Tatu

Mzee wa Kiapo, hapo kwenye kuzima taa nimesimama. La mwisho wakuu: nilipanga kilele kiwe kupatwa kwa jua. Mchana unageuka giza, chama kinatawala mji. Baada ya kusoma haya yote naona limevunjika.

Fundi_wa_Majira

Halijavunjika, limegeuka. Jua likipatwa lote, mji umo ndani ya kiini cha kivuli cha mwezi. Ni kivuli kimoja, mwenyewe hayupo duniani wa kuombwa idhini, na ndani yake vivuli vya watu hufifia vyote. Kwa kanuni zenu chama hakina nguvu kwa dakika hizo. Na anayelijua hilo ni adui.

Kukitabiri kunawezekana bila darubini. Kupatwa kunafanana na kulikotangulia kila miaka 18, siku 11 na saa 8. Zile saa 8 zinakisogeza theluthi ya dunia kuelekea magharibi, kwa hiyo hukioni. Ukingoja mizunguko mitatu, miaka 54 na mwezi mmoja hivi, kinarudi upande wako wa dunia. Chama chenye daftari la miaka 110 kimeona mara mbili, kinaweza kutaja siku. Ila kinaporudi, njia ya kiini inakuwa imehama kaskazini au kusini, pengine mamia ya kilomita, na upana wa njia yenyewe mara nyingi hauzidi kilomita mia mbili na kitu. Daftari litapata siku sahihi na mahali pasipo sahihi.

Kuna jambo bora zaidi. Kipenyo cha mwezi ni kilomita 3,474. Zidisha kwa ile 107, unapata kama kilomita 372,000. Mwezi kwa wastani uko kilomita 384,000 kutoka hapa. Yaani mara nyingi kiini cha kivuli cha mwezi hakitufikii, kinakwisha angani, na tunaona pete ya jua, kama ilivyoonekana Rujewa kule Mbeya tarehe 1 Septemba 2016. Mwezi ukiwa karibu kiini kinafika. Ukiwa mbali hakifiki.

Kwa hiyo andika chama kinachojiandaa kwa giza, halafu ije pete. Mwanga unapungua lakini haufi. Chini ya miti, kila upenyo wa jua kati ya majani unakuwa pete ndogo ardhini, mamia kwa mamia. Na kwa kuwa jua limebaki utepe mwembamba wa duara, kingo za vivuli zinaharibika, hesabu za nyayo hazitoshi tena. Aliyefanya zoezi la umbali wa mwezi mapema, pengine karani wa kadhi na daftari lake, ndiye pekee mjini asiyeshangaa.

Baharia_Mstaafu

Na kupatwa kwa jua hutokea mwezi mwandamo tu, kwa hiyo ni bamvua. Kama ni saa nne asubuhi, maji yamekupwa hadi mwambani, hakuna chombo kitakachotoka bandarini mpaka alasiri. Wakitaka kukimbia wakimbie kwa miguu.